D6 na usukani wa dampa: sharti la cheo linapopingwa kisheria

Hapa Lubumbashi, mtu akifukuzwa kazi, njia inajulikana. Anakwenda kwa mjumbe wake wa chama cha wafanyakazi, kisha kwa mkaguzi wa kazi, na mapatano yakishindikana faili linapelekwa mbele ya mahakama ya kazi. Lakini mtu akizuiwa kupanda cheo kwa sharti lililobandikwa ukutani, tena lililoandikwa kwa lugha ya adabu na kuwahusu watu wote, hatuna desturi ya kulipinga popote. Tunanung'unika ndani ya basi la kampuni, tunasema shefu fulani ana watu wake, na mambo yanaishia hapo. Nimekuwa mjumbe wa wafanyakazi katika kampuni inayofanya kazi za migodi kwa mkataba mdogo, na kadiri ninavyosikiliza malalamiko haya ndivyo ninavyoona kwamba tunashitaki watu mahali tulipopaswa kushitaki sharti lenyewe.

Tangazo lililonifanya nifikirie jambo hili lilikuwa la ukurasa mmoja, kwa Kifaransa, na lilitafuta mashefu wa timu kwa ajili ya waendeshaji wa dampa, yale malori makubwa ya kubebea mawe mgodini. Masharti yalikuwa matatu: kiwango cha D6, yaani mtu aliyemaliza sekondari na kushinda mtihani wa Serikali, umri usiozidi miaka 35, na Kiingereza, ambacho kilisemekana kuwa ni faida ya ziada. Hapakuwa na neno hata moja kuhusu miaka ambayo mtu amekaa kwenye usukani, wala kuhusu ajali alizoziepuka, wala kuhusu vijana aliowafundisha. Waliosoma tangazo lile wakiwa wamesimama na kofia ngumu mikononi walikuwa wengi wao watu wa makamo, na wote walielewa mara moja kwamba haliwahusu.

Sasa nitoke kidogo Katanga, kwa sababu kesi iliyoweka swali hili wazi kuliko zote ilianzia mbali sana na hapa, katika kituo cha kuzalisha umeme kwa makaa ya mawe kiitwacho Dan River, katika jimbo la North Carolina, Marekani. Mwenye kituo alikuwa kampuni ya Duke Power. Wafanyakazi walikuwa 95, na kati yao 14 walikuwa Wamarekani weusi. Kazi ziligawanywa katika idara tano, na weusi wote waliwekwa katika idara moja tu, ile ya vibarua, ambako aliyelipwa vizuri kuliko wote bado alipata mshahara mdogo kuliko aliyelipwa vibaya kuliko wote katika idara nyingine, ambazo zilikuwa za wazungu peke yao. Mwaka 1955 kampuni iliweka sharti la cheti cha sekondari kwa anayetaka kuingia idara yoyote isipokuwa ya vibarua. Kisha Julai 2, 1965, siku ileile ambayo sheria ya kukataza ubaguzi kazini ilianza kufanya kazi nchini humo, kampuni ikaongeza mitihani miwili ya maandishi: mmoja wa akili kwa jumla, uitwao Wonderlic, wenye maswali 50 ya kujibiwa kwa dakika 12, na mwingine wa kuelewa mambo ya mitambo, uitwao Bennett. Hakuna hata mmoja kati ya hiyo miwili uliotungwa kupima kazi za kituo kile.

Wafanyakazi weusi 13, wakiongozwa na Willie Griggs, walikwenda mahakamani. Katika mahakama za chini hoja ya kampuni ilipokelewa vizuri: sharti ni moja kwa watu wa rangi zote, na hakuna ushahidi kwamba liliwekwa kwa nia mbaya. Kampuni ilikuwa hata na mpango wa kulipa theluthi mbili za ada kwa mfanyakazi aliyetaka kurudi shule. Lakini Machi 8, 1971, Mahakama Kuu ya Marekani, kwa majaji wanane bila hata mmoja kupinga, iliamua kinyume. Hukumu iliandikwa na Jaji Mkuu Warren Burger, ambaye hakuna aliyewahi kumwita mwanamapinduzi, na kiini chake ni kwamba sheria haitazami nia ya mwajiri peke yake, inatazama pia matokeo ya sharti lake. Na ikiwa sharti linawaengua watu wa kundi fulani kwa wingi, basi mwajiri ndiye anayepaswa kuonyesha kwamba linahusiana na kazi inayofanywa. Majaji walitumia hata hadithi ya mbweha na korongo: kuwapa wote wawili maziwa yaleyale si kuwapa nafasi sawa, ikiwa hukuangalia chombo ulichoyatia.

Mambo mawili katika hukumu hiyo ndiyo ningependa kila mjumbe wa wafanyakazi ayajue. La kwanza ni takwimu: katika sensa ya 1960, wanaume weupe wa North Carolina waliomaliza sekondari walikuwa asilimia 34, na weusi asilimia 12. Tofauti hiyo haikuletwa na Duke Power. Ililetwa na shule mbovu walizotengewa weusi kwa miaka mingi, lakini sharti la kampuni liliichukua tofauti hiyo shuleni na kuiingiza kiwandani. La pili ni la kiakili zaidi, na kwangu ndilo lililoimaliza kesi. Katika idara zile nzuri kulikuwa na wazungu walioajiriwa kabla ya sharti kuwekwa, wasio na cheti wala mtihani, na walikuwa wakifanya kazi vizuri na kuendelea kupanda vyeo. Ikiwa wao wanaweza, cheti kinapima nini? Kiongozi wa kampuni alipoulizwa kwa nini sharti liliwekwa, jibu lake halikuwa zaidi ya kwamba walidhani lingeinua ubora wa wafanyakazi kwa jumla.

Ninajua kuna watakaosema kwamba mambo ya rangi ya Marekani si yetu. Ni kweli, na sitaki kulazimisha mfanano. Hata hivyo hebu tujiulize ni nani hapa kwetu asiye na D6. Mtu mwenye umri wa miaka 45 au 50 leo, aliyezaliwa katika kambi ya wafanyakazi, alikuwa shuleni wakati Gécamines, kampuni ya migodi ya Serikali, ilipoanguka. Mgodi wa Kamoto uliporomoka Septemba 1990, mwaka uliofuata ukaja uporaji, na uzalishaji wa shaba uliokuwa zaidi ya tani 400 000 kwa mwaka katikati ya miaka ya 1980 ulikuwa umeshuka chini ya tani 50 000 ilipofika 1994. Mishahara ikakatika. Shule ambazo zamani zilikuwa juu ya kampuni zikawa mzigo wa wazazi, na walimu nao wakalipwa kwa michango ya wazazi haohao. Mwaka 2003 wafanyakazi 10 655 wa Gécamines waliondoka katika ule mpango ulioitwa wa kuondoka kwa hiari, na watoto wengi wa nyumba hizo waliacha darasa ili kwenda kuchimba, kubeba au kuuza. Wasichana ndio waliotangulia kutolewa shuleni. Kwa hiyo tangazo linaposema D6, bila kutaja kundi lolote, limekwisha kuchagua: limewachukua wale ambao wazazi wao waliweza kulipa katika miaka ile.

Na hapo ndipo sheria yetu wenyewe inapoingia, kwa maana watu wengi hudhani haina la kusema. Katiba ya 2006, kifungu cha 36, inasema kwamba hakuna mtu anayeweza kudhulumiwa katika kazi yake kwa sababu ya asili yake, jinsia yake, maoni yake, imani yake au hali yake ya kijamii na kiuchumi. Hayo maneno ya mwisho hayatajwi mara nyingi, lakini yapo. Kongo iliridhia mwaka 2001 Mkataba namba 111 wa Shirika la Kazi Duniani, ambao ni wa 1958, na mkataba huo hauzungumzii nia peke yake: unakataza tofauti yoyote, kwa misingi inayotajwa, ikiwemo asili ya kijamii, ambayo matokeo yake ni kuharibu usawa wa nafasi katika ajira. Mkataba huohuo unakubali kwamba sharti linalotokana na mahitaji ya kazi yenyewe si ubaguzi. Kwa kifungu cha 215 cha Katiba, mkataba ulioridhiwa unakaa juu ya sheria za kawaida. Ukiyaweka haya pamoja unapata swali lilelile la Dan River, na Mkataba namba 111 ulikuwa umeliandika miaka kumi na mitatu kabla ya hukumu ya Dan River.

Tatizo liko mahali pengine. Kanuni ya Kazi, ile sheria namba 015/2002 ya Oktoba 16, 2002, iliyorekebishwa 2016, imeeleza kwa urefu jinsi mkataba unavyovunjwa: kifungu cha 62 kinadai sababu halali inayohusu uwezo au mwenendo wa mfanyakazi, au mahitaji ya uendeshaji wa kampuni, na kinataja sababu ambazo haziwezi kuwa halali. Kifungu cha 86 kinadai mshahara sawa kwa kazi sawa, ujuzi sawa na tija sawa. Lakini namna ya kupanda kutoka mfanyakazi mwenye ujuzi hadi msimamizi, hilo kwa sehemu kubwa limeachiwa mikataba ya pamoja na kanuni za ndani za kampuni, yaani karatasi ambazo sisi wajumbe tunaulizwa maoni juu yake na ambazo, tuseme ukweli, huwa tunazisoma haraka hadi tufike kwenye ukurasa wa marupurupu.

Sisemi kwamba kila cheti ni hila. Anayeshika baruti awe na kibali chake, fundi wa umeme wa msongo mkubwa awe amesoma, na daktari wa kampuni sitaki ajifunzie juu yangu. Mwajiri ana haki ya kuchagua. Wala sizungumzii hapa lile swali la chinichini, «wewe ni wa wapi?», ambalo katika mji huu limewanyima watu kazi kwa muda mrefu, huo ni ubaguzi wa wazi, na dawa yake katika sheria iko wazi pia, ingawa kuuthibitisha ni kazi ngumu. Ninazungumzia sharti safi, lenye sura njema, ambalo hakuna aliyewahi kuulizwa linafanya kazi gani.

Baadhi ya wenzetu walikubali kuuliza. Kabla ya kwenda mahakamani sheria inataka mgogoro wa mtu binafsi upitie kwanza kwa mkaguzi wa kazi ili ajaribu kuwapatanisha, na kwa hiyo tulikwenda huko, mlalamikaji akiwa mzee mmoja mwendesha dampa ambaye vijana wote wa zamu walimwita Papa, na ambaye ndiye aliyekuwa amewafundisha wawili kati ya wale waliochukuliwa. Upande wa kampuni alikuja kijana wa ofisi ya wafanyakazi, mwenye heshima zake.

«Papa, sharti hili halikuandikwa kwa ajili yako,» alisema. «Ni moja kwa wote.»

«Sijasema umeniandikia mimi, mwanangu. Nimeuliza ni la nini.»

Mkaguzi, mama mtaratibu ambaye hakuinua sauti hata mara moja, aliuliza kama mashefu wa timu waliopo sasa wote wana D6. Kijana alifunua karatasi zake, akasema kwamba baadhi yao waliteuliwa kabla ya kanuni mpya. «Na kazi yao ina kasoro?» Hapana, kazi yao haina kasoro. Kisha akauliza ni sehemu gani ya kazi ya shefu wa timu inayohitaji mtihani wa Serikali. Jibu lilikuja haraka, na halikuwa jibu baya: shefu wa timu lazima ajaze ripoti ya zamu, na wasimamizi walikwisha kupokea ripoti zisizosomeka.

Ripoti ile naijua. Ni karatasi yenye visanduku: namba ya mtambo, saa zilizoonyeshwa na mita mwanzoni na mwishoni mwa zamu, lita za mazutu, yaani dizeli, idadi ya safari kutoka shimoni hadi kwenye lundo, muda uliopotea na sababu yake, na chini kabisa mistari minne ya maelezo kwa Kifaransa. Papa alitoa mfukoni nakala alizozikunja. Zilikuwa za zamu ambazo shefu hakuwapo, na yeye ndiye aliyezijaza. Katika moja aliandika kwamba bomba la mafuta ya hidroliki la upande wa kushoto lilikuwa likitoa jasho na kwamba aliusimamisha mtambo kabla halijapasuka. Kifaransa chake kilikuwa na makosa mawili matatu ya maandishi. Saa na lita zilikuwa sahihi, na saini ya msimamizi aliyezipokea ilikuwepo.

Ninarudia sehemu hii kwa sababu ndiyo sheria yenyewe ikiwa kazini. Mwajiri alitaja haja ya kweli, nayo ni kuandika ripoti inayosomeka. Lakini haja hiyo inaweza kupimwa kwa ripoti, kwa nusu saa, bila kumrudisha mtu kwenye mtihani wa Serikali wa miaka thelathini iliyopita. Huko Marekani kesi ya pili kubwa, ya kiwanda cha karatasi cha Albemarle mwaka 1975, ilihusu jambo linalofanana na hili: kampuni ilijaribu kuthibitisha mitihani yake kwa uchunguzi uliofanywa haraka karibu na kesi, ikilinganisha alama na maoni ya wasimamizi ambayo hakuna aliyejua yalitolewa kwa kigezo gani, na mahakama ikakataa. Mwaka 1977 ikaja kesi ya askari magereza wa Alabama, ambako sharti lilikuwa urefu wa sentimita 157 na uzito wa kilo 54 hivi. Halikutaja wanawake, lakini liliwaengua zaidi ya asilimia 40 ya wanawake na chini ya asilimia moja ya wanaume. Serikali ya jimbo ilisema kazi inataka nguvu. Majaji walijibu kwamba, kama ni nguvu inayotakiwa, ipimwe nguvu.

Haimaanishi kwamba hoja hii inashinda kila mara, na mjumbe anayewaahidi watu ushindi anawadanganya. Mwaka 2003 mji wa New Haven uliwapa mtihani wa kupanda cheo wazimamoto 118, na matokeo yalipoonyesha kwamba hakuna mweusi ambaye angepandishwa, mji uliyatupa. Waliofaulu walishitaki, na mwaka 2009 Mahakama Kuu, kwa majaji watano dhidi ya wanne, iliwapa haki: huwezi kufuta mtihani watu wakishaufanya kwa kuogopa tu kushitakiwa. Kinachonigusa zaidi ni kwamba uzito wa mtihani ule, asilimia 60 kwa maandishi na 40 kwa mdomo, ulikuwa umewekwa katika mkataba na chama cha wazimamoto wenyewe. Na Aprili 2025 Rais Trump alisaini amri ya kuzitaka ofisi za serikali kuu zipunguze kuitumia hoja ya matokeo, ingawa Bunge la Marekani lilikuwa limeiandika ndani ya sheria mwaka 1991. Kwa hiyo hata huko ilikozaliwa, haijalala salama.

Kwetu, kikao kile kilimalizika bila mapatano, na hati ya kutopatana ikaandikwa. Papa hakwenda mahakamani. Alihesabu gharama, akafikiria mkataba wake, na sikumlaumu, ingawa mashauri yatokanayo na mkataba wa kazi kwa kawaida yana muda wa miaka mitatu kabla haki ya kushitaki haijapotea, na katika mahakama ile jaji hukaa na wasaidizi wawili, mmoja kutoka upande wa waajiri na mmoja kutoka upande wetu. Nasikitika kwamba hatuna hukumu. Hukumu moja ya hapa ingetusaidia kuliko hukumu zote za Marekani nilizozitaja.

Tangazo lililofuata lilikuwa limebadilika mstari mmoja: «D6 au uzoefu unaolingana». Sharti la umri lilibaki. Wenzangu walishangilia, mimi nikaanza kuuliza ni nani atakayeupima huo uzoefu na kwa kipimo gani, maana neno lisilo na kipimo linamrudisha shefu na watu wake kwa mlango wa nyuma. Sheria ya Afrika Kusini ya 1998 kuhusu usawa katika ajira inaweza kutuazima lugha: inamtambua mtu kuwa anaifaa kazi kwa elimu yake rasmi, au kwa mambo aliyojifunza kabla, au kwa uzoefu unaohusika, au kwa uwezo wa kujifunza kazi hiyo ndani ya muda wa kiasi, na inakataza vipimo vya kisaikolojia visivyothibitishwa kisayansi.

Katika mazungumzo yajayo ya mkataba wa pamoja nimependekeza vifungu viwili. Cha kwanza, kila sharti la cheo liandikwe pamoja na sehemu ya kazi inayolidai, kwa mstari mmoja au miwili, kabla tangazo halijabandikwa. Cha pili, aliyeendesha mtambo kwa miaka itakayokubaliwa na kila upande aruhusiwe kujipima kwa vitendo, mtamboni na kwenye ripoti, mbele ya msimamizi, mjumbe na mtathmini kutoka INPP, taasisi ya mafunzo ya ufundi ambayo waajiri wenyewe huilipia mchango. Ofisi ya wafanyakazi imejibu kwamba kifungu cha kwanza kitaleta kazi nyingi ya karatasi. Kuhusu cha pili wameomba muda wa kushauriana, na wametaka kujua ni nani atakayelipa mazutu ya siku ya majaribio.